Mtoto mwenye usonji kambini: namna ya kumkaribia bila kumburuta

"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 22 na ninajitolea kama mlezi katika kambi ya watoto ambayo kikundi chetu huiandaa Mikindani wakati wa likizo. Mwezi wa sita tulimpokea mtoto wa kiume wa miaka 9 mwenye usonji. Mama yake alitueleza mapema, na madaktari walishampima. Aliwekwa katika kundi langu. Hakunitazama usoni, hakuitika nilipomwita, na aliyoipenda ni kazi moja tu: kukusanya kandambili za watoto wote mlangoni mwa bweni na kuzipanga mstari, kuanzia ndogo hadi kubwa. Jioni tulipopiga ngoma na kuimba aliziba masikio na kurudia, 'Shusha hapo, shusha hapo,' kama konda wa daladala. Siku moja nilivunja mstari wake ili wenzake wavae waende kula. Alining'ata mkono, akalia karibu saa nzima. Mlezi mwenzangu anasema amedekezwa na anahitaji kiboko. Mwingine anasema aombewe. Mimi nilitaka tu awe rafiki yangu kama watoto wengine, na kambi iliisha nikiona nimeshindwa. Sasa mama yake ameomba arudi Desemba. Nifanye nini nimfikie? Na je, ni haki kumpokea, au tunamtesa?"

Marahaba, mwanangu. Umeuliza mambo mawili, na lile la pili, kama ni haki kumpokea, ndilo zito zaidi. Nitalifikia, lakini itabidi kwanza tuelewane kuhusu yaliyotokea mwezi wa sita. Unasema ulishindwa kumfikia. Mimi nikiisoma barua yako namwona mtoto aliyezungumza nanyi kila jioni kwa maneno ya konda, na ambaye kila siku, mlangoni pale pale, alikuonyesha mahali ambapo ungeweza kukaa naye. Uliyaona yote hayo na ukayakumbuka kwa undani, jambo ambalo walezi wengi hawalifanyi. Ulichokosa ni mtu wa kukueleza maana yake.

Nianze na walezi wenzako, kwa sababu maneno yao nayasikia Mtwara na Lindi kote, hata katika vyumba vya walimu. Usonji (kwa Kiingereza autism) ni namna ubongo ulivyokua tangu mtoto akiwa tumboni, na kwa sehemu kubwa unatokana na urithi wa vinasaba. Hauambukizi, hauletwi na laana ya ukoo wala mwiko uliovunjwa na mama mjamzito, na kudekeza hakuwezi kuuzalisha. Wataalamu wenyewe waliwahi kupotoka hapa. Baada ya daktari Leo Kanner kuchapisha mwaka 1943 maelezo ya watoto 11 yaliyoifanya hali hii itambulike katika tiba, akina mama wa Marekani na Ulaya walilaumiwa kwa miaka mingi kwamba ubaridi wao ndio uliowaharibu watoto, hadi dhana hiyo ilipokosa ushahidi ikaachwa. Makala ya mwaka 1998 iliyozihusisha chanjo na usonji nayo iliondolewa na jarida lililoichapisha mwaka 2010, ingawa uvumi wake bado unatufikia kwenye simu. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba mwaka 2021 mtu 1 kati ya 127 alikuwa na usonji. Kwa hesabu hiyo, shule ya msingi yenye watoto 1,000 ingetegemewa kuwa nao saba au wanane. Ukijiuliza wako wapi, baadhi wamo darasani wakiitwa watundu au wazito, na wengine hawatolewi nje ya nyumba. Mama aliyewaletea wa kwake na kuwaambia ukweli kabla hamjauliza amefanya jambo ambalo wazazi wengi bado wanaliogopa.

Kuhusu kiboko, sina maneno laini. Mtoto anayechapwa kwa sababu amezidiwa na kelele hajifunzi kuzivumilia kelele. Anajifunza kwamba kambini kelele hufuatwa na maumivu, na safari ijayo atakimbia mapema zaidi, pengine kuelekea msikokuona. Kuhusu maombi, sina ugomvi nayo, na sina shaka kwamba mama yake ameshaomba dua nyingi kuliko sisi sote. Ninachokataa ni kumzunguka watu wengi, kumshika kichwa na kumpazia sauti, kwa sababu hayo ndiyo hasa yanayomwumiza, na wenzake wakishaambiwa kwamba ana pepo hakuna atakayekubali kulala karibu naye. Anayetaka kumwombea amwombee akiwa peke yake, kwa utulivu.

Sasa tuzitazame zile kandambili. Watoto wengi wanaweza kuugawa umakini wao: wanacheza, huku sikio moja liko kwa mlezi na jicho moja liko jikoni. Mtoto mwenye usonji mara nyingi huelekeza umakini wake wote kwenye jambo moja, na akiwa humo sauti inayomwita jina huenda isimfikie kabisa, ingawa masikio yake ni mazima. Kumtoa humo kwa ghafla ni kama kumwamsha mtu aliyelala fofofo kwa kummwagia ndoo ya maji. Tena ubongo wake hupata shida kubwa zaidi kuliko wako kuchuja yasiyo na umuhimu na kubashiri kinachofuata. Kambini kila kitu kilikuwa kipya kwake kwa wakati mmoja: kitanda, harufu ya godoro, ladha ya maji, sura za watu, taa inayozimwa na mtu asiyemjua. Kandambili zina mpangilio unaoeleweka. Kila moja ina mwenzake, ndogo hubaki ndogo, na mstari ukiwekwa vizuri leo utawekeka vizuri kesho. Alikuwa anajitengenezea sehemu moja ya kambi ambayo haikumtisha.

Wewe ukaja ukauvunja, bila taarifa, wakati watoto wenye njaa wamejazana mlangoni. Sikulaumu, kwa kuwa wenzake walihitaji kuvaa, na ungejuaje? Lakini nataka uelewe kwamba jino lile halikuwa chuki wala kiburi. Mtoto aliyezidiwa hufika mahali ambapo maneno yote yamemwishia, hata yale machache aliyokuwa nayo, na mwili ndio unaobaki kusema. Kuna njia ya kutofautisha hali hii na deko la kawaida: mtoto anayedeka hutupia jicho kuona kama unamtazama, na akipewa alichotaka hunyamaza, aliyezidiwa hajali nani anatazama, na hata ukimrudishia kitu chenyewe bado hawezi kusimama, kwa sababu mwili wake umeshawaka na unahitaji muda wa kupoa. Saa nzima ya kilio baada ya mstari kuvunjwa ni hali ya pili. Ikitokea tena, ondoa watu badala ya kumwondoa yeye, punguza mwanga na sauti, usimwulize maswali, usimkumbatie isipokuwa mama yake amekuambia kwamba kukumbatiwa humtuliza, na kaa mahali anapoweza kukuona bila wewe kumkodolea macho. Msimfungie chumbani wala kumfunga kamba, hata kwa nia njema.

Desemba atakapofika, siku ya kwanza usimwite. Nenda pale anapopanga, kaa chini ubavuni mwake na si mbele yake, ukiacha nafasi ambayo mtoto mwingine angeweza kuketi katikati yenu, na utazame kandambili, si uso wake. Usiseme neno. Chukua moja iliyo mbali, iweke karibu na mkono wake, nje ya mstari, kwa sababu mstari ni wake na hujaalikwa. Akiichukua na kuiweka mahali pake, mmeshazungumza. Akiisukuma, sogea nyuma kidogo na uendelee kukaa; hajakufukuza, amekuambia tu umbali anaouweza leo. Baadaye mpe nyingine, na safari hii taja jambo moja kuhusu hiyo kandambili: "Nyekundu." Au: "Ndogo." Neno moja linatosha. Kisha, mkishazoea, ishike ya tatu mkononi bila kumpa na usubiri. Utaona kitu kidogo sana: mkono utakaoinuka nusu, au jicho litakalopita kwenye vidole vyako na kurudi sakafuni. Hilo ni ombi, na inafaa ulijibu papo hapo, kama ambavyo ungemjibu mtoto aliyesema "naomba" kwa sauti.

Kusubiri huku ndiko kunakowashinda watu. Ukimwuliza jambo, hesabu kimoyomoyo hadi kumi kabla ya kurudia. Sisi tumezoea mazungumzo ya haraka, kimya cha sekunde mbili kinatutia wasiwasi, tunauliza upya kwa maneno mengine, tena kwa sauti ya juu zaidi. Na mtoto aliyekuwa amekaribia kulipata jibu la swali la kwanza analazimika kuanza tena na swali la pili.

Tatizo la chakula bado lipo, kwa sababu watoto hawawezi kula pekupeku ili mstari usalimike. Mpeni kazi hiyo iwe yake rasmi. Muda mfupi kabla ya kula mwonyeshe sahani tupu na umwambie, "Kandambili tano tena, halafu kula," kisha mhesabu pamoja. Wenzake wasimame nje ya mlango, naye awape mmoja mmoja akianzia na ndogo, na kila atakayepokea aseme "asante" kwa sauti ya kawaida. Watoto wote mtakaokuwa nao watapita mikononi mwake mara tatu kwa siku, kila mmoja kwa sekunde chache, kwa utaratibu asioutilia shaka. Usishangae akizijua kandambili za kila mtu kabla hajazijua sura zao, na akimtambua mgeni kwa sababu jozi moja haikuwapo jana.

Kuhusu macho, naomba uliache kabisa suala hilo. Vitabu vingi vya malezi kutoka Ulaya vimeandikwa na watu ambao kwao mtoto kumtazama mkubwa usoni ni dalili ya ukweli, nasi tumeyabeba mafundisho hayo wakati kwetu mtoto anayemkazia macho mzee huambiwa hana adabu. Watu wazima wenye usonji wanaoweza kueleza hali yao husema mara nyingi kwamba kutazamana kunawachosha au kunawaumiza, na kwamba wakilazimishwa kutazama hawasikii tena kinachosemwa. Chagua akusikilize. Hata "shikamoo" isiwe mtihani wa hadhara mbele ya wageni wa kambi. Kama anaisema kwa kuinua mkono au kwa kusimama tu pale, ipokee kwa "marahaba" na muendelee. Ukimsalimia "Hujambo" akakujibu "Hujambo", usimcheke wala usimsahihishe: amesikia salamu na amekurudishia salamu.

Hapo ndipo tunaikuta ile "Shusha hapo". Watoto wengi wenye usonji hawajifunzi lugha kwa neno moja moja. Huokota sentensi nzima waliyoisikia mahali, pamoja na sauti na hisia zake, na kuitumia penye hisia inayofanana. Konda husema maneno yale gari linapokaribia kusimama ili mtu atoke. Mtoto huyo yumo katikati ya ngoma, anataka gari lisimame, anataka kutoka. Sentensi imekamilika na ina adabu kuliko kupiga kelele. Ukiisikia Desemba, mjibu hapo hapo kwa lugha yake: "Haya, tunashuka," na umtoe nje hadi mahali mlipopatenga kwa ajili yake, iwe chini ya mwembe au kwenye baraza ya nyuma. Mkishafika, sema kwa ufupi maneno ambayo mtu mwingine yeyote angeyaelewa, "Kelele. Nataka kutoka," bila kumlazimisha ayarudie. Huenda siku moja ayatumie, huenda asiyatumie. Lililo muhimu ni kwamba ameona neno lake linafungua mlango, na mtoto aliyeona hivyo hana sababu kubwa ya kung'ata.

Mtafiti wa Uingereza, Damian Milton, ambaye mwenyewe ana usonji, aliandika mwaka 2012 kwamba kutoelewana huku kuna pande mbili: mwenye usonji hupata shida kumsoma asiye nao, na asiye nao hupata shida ile ile kumsoma mwenye usonji, ila lawama hubebwa na mmoja. Nadhani kambi yenu ni mfano mzuri wa hoja yake. Mtoto alisema "shusha", watu wazima wakaendelea kupiga ngoma, halafu ikaandikwa kwamba yeye ndiye asiyewasiliana.

Sauti zenyewe zinahitaji kupangwa. Si lazima mwache kuimba. Mjulishe kabla, mwonyeshe ngoma ikiwa kimya, mruhusu aiguse au aigonge mwenyewe mara moja, kisha mkae naye ukingoni mwa kundi na si katikati, karibu na njia ya kutokea. Filimbi ya mlezi na spika kubwa ni mbaya kuliko ngoma, kwa sababu huja bila taarifa na sauti yake ni kali. Filimbi mnaweza kuiacha kabisa msipungukiwe na lolote. Kwa Desemba kuna jambo ambalo mwezi wa sita hamkukutana nalo, nalo ni mvua juu ya bati. Mvua za kwetu zinaanza kipindi hicho, na wewe unajua kwamba zikishuka usiku chini ya paa lisilo na dari hata mtu aliye kando yako humsikii. Muulize mama yake anafanyaje nyumbani. Vikinga masikio wanavyovaa mafundi wa mashine hupatikana katika baadhi ya maduka ya vifaa vya ujenzi na vinafaa. Pasipo navyo, kanga iliyokunjwa na kufungwa kuzunguka kichwa hupunguza sauti, na kwa watoto wengine ule mkazo wake wenyewe hutuliza. Ajaribu nyumbani kwanza, mchana, wakati hakuna mvua.

Ratiba yake iwe ya vitu, hasa kama hasomi. Tafuteni boksi refu mligawe vyumba: katika cha kwanza taulo, cha pili sahani, cha tatu mpira, cha nne kipande cha shuka. Jambo likiisha, kitu chake kinatolewa na kuwekwa katika ndoo yenye mfuniko, na yeye mwenyewe ndiye anayekitoa. Ratiba ikibadilika, badilisheni kitu mbele ya macho yake kabla ya tukio. Mtasema ni kazi ya ziada, na ni kweli, lakini kilio cha saa moja nacho ni kazi.

Kuna hatari moja ya huku kwetu ambayo vitabu havitaji, nayo ni utani. Watu wa Kusini tunataniana tangu asubuhi, na mlezi anayewapenda watoto huwaambia, "Leo nakutupa baharini," huku wote wakicheka. Mtoto mwenye usonji mara nyingi huyapokea maneno kama yalivyo. Atakuamini, na hatakanyaga ufukweni tena, au usiku hatalala akingoja kutupwa. Waambie walezi wote wamtolee huyu maneno yaliyonyooka. Wataniane wenyewe kwa wenyewe.

Nikiwa nimefika baharini, hapa siombi, naelekeza. Watoto wengi wenye usonji hupenda maji, na wengi wao huondoka walipo bila kuaga wala kuona hatari. Tafiti za Marekani zimeonyesha tena na tena kwamba kuzama ni miongoni mwa sababu kuu za vifo vya watoto hawa wanapotoroka. Mikindani maji hayako mbali na mlango wa mtu yeyote. Siku za bamvua, mwezi ukiwa mpevu au ukiandama, maji hupwa yakaenda mbali na kumvuta mtoto nyuma yake akiokota makombe, kisha hujaa yakamkuta huko. Kila saa ya mchana na usiku awepo mtu mmoja mwenye jina, anayejua kwamba zamu ni yake, naye asiondoke hadi mwingine amwambie kwa mdomo, "Nimempokea." Msemo wa "tunamwangalia sote" umeshaua watoto, kwa sababu kila mmoja anadhani mwenzake anatazama. Wakati wa kuogelea avae jaketi la kuokolea na awe na mtu mzima ndani ya maji umbali wa kufikiwa kwa mkono. Akipotea, tafuteni majini kwanza, na visimani, kabla ya kwenda sokoni. Mlango wa bweni uwe na kengele au hata kopo lenye kokoto litakalolia ukifunguliwa usiku.

Chakula nitakipita haraka: muulizeni mama anakula nini, mpeni hicho, na mchuzi uwe katika bakuli lake mbali na wali, kwa sababu vyakula vikigusana huenda kwake kikawa kitu kingine kabisa. Hatakufa kwa kula wali mkavu siku kadhaa, mradi anakunywa maji. Choo kinahitaji uangalifu zaidi kuliko watu wanavyodhani. Choo cha shimo chenye giza na harufu kali humfanya mtoto kama huyu ajizuie, akijizuia anafunga choo, na maumivu ya tumbo asiyoweza kuyataja yanajitokeza kama ukorofi. Kila mara tabia ikibadilika ghafla, kabla hujafikiria nidhamu, fikiria maumivu: jino, sikio, tumbo, au malaria, ambayo mikoa yetu inaijua vizuri mno.

Wenzake waambieni ukweli kwa maneno machache, kwa ruhusa ya mama yake, kwamba masikio yake yanasikia kelele kwa ukali na kwamba anapenda kuambiwa mambo mapema. Watoto wa miaka tisa wanaelewa hilo upesi kuliko watu wazima. Mchague mmoja mtulivu, anayependa kandambili au vizibo vya soda kama yeye, awe jirani yake wa kitanda. Usimchague yule mchangamfu anayependwa na wote.

Sasa swali lako la pili. Kambi inaweza kumfaa na inaweza kumtesa, na tofauti haiko kwa mtoto peke yake. Iko katika idadi ya watu wazima mlio nao na utayari wenu wa kubadilisha mambo. Kumweka katika kila shughuli sawa na wengine, kwa imani kwamba atazoea, ndiyo njia ninayoiogopa zaidi, maana mara nyingi anachozoea ni kuteseka kimya. Kumtenga siku nzima na mlezi wake mmoja ni salama, lakini basi amekuja kufanya nini? Mimi ningependekeza nusu ya siku: aje asubuhi, ashiriki mawili matatu anayoyaweza, apumzike mahali pake, arudi kulala kwao. Hukunitajia familia inaishi wapi. Kama ni Mtwara mjini, ni kilomita 10 hivi kutoka Mikindani, na bajaji ya kila jioni inaweza kuwa nafuu kwenu kuliko usiku mmoja usio na usingizi. Akimaliza siku tatu vizuri, jaribuni usiku mmoja, na mama au mtu mzima wa nyumbani alale karibu. Kama hamna mtu wa kumwangalia yeye tu kwa zamu kamili, mwambieni mama hivyo bila aibu na mpange mwakani. Kukataa kwa sababu hamjajiandaa si sawa na kumkataa mtoto, mradi mtaje tarehe mtakayokuwa tayari.

Yapo mambo ambayo barua yangu haiwezi kuyatatua. Baadhi ya watoto wenye usonji wana kifafa pia. Akipata degedege, mlazeni ubavu, ondoeni vitu vigumu karibu naye, msimtie kijiko wala kitu chochote mdomoni, na ikizidi dakika tano, au ikimrudia kabla hajazinduka, mpelekeni hospitali mara moja. Mpelekeni pia akigonga kichwa chake kwa nguvu kwa kujirudia, akikataa kunywa, akiwa na homa, au akipoteza maneno na uwezo aliokuwa nao. Kwa uchunguzi wa kudumu, walioko Mtwara waanzie Hospitali ya Ligula au Hospitali ya Rufaa ya Kanda ya Kusini, na walioko Lindi waanzie Hospitali ya Sokoine. Huko ndiko wataelezwa kama kuna haja ya kufika Muhimbili. Shuleni, mama amwone afisa elimu maalumu wa halmashauri amuulize ni wapi kuna mwalimu aliyesomea fani hii, kama wale wanaotoka Chuo cha Patandi kule Arusha. Na kwa kuwa mtoto asiyeweza kusimulia ni rahisi kuonewa, mkiona alama mwilini au woga mpya kwa mtu fulani, msifanye upelelezi wenu: nendeni ofisi ya ustawi wa jamii au dawati la jinsia na watoto polisi, au pigeni 116, simu ya huduma kwa mtoto.

Kabla ya Desemba, fanya jambo moja wiki hii. Mtembelee mama yake nyumbani, siku isiyo na haraka, ukae usikilize. Muulize nini humfurahisha, nini humtisha, anaonyeshaje kwamba anaumwa, hulala vipi, na sentensi nyingine alizoziokota zina maana gani, uziandike zote kwenye karatasi moja ambayo walezi wote wataisoma. Kisha mwombe amlete Mikindani mara moja au mbili kambi ikiwa tupu, aone bweni, choo, mwembe na mlango, na mpige picha za sehemu hizo kwa simu ili awe anaoneshwa nyumbani. Akija katika ziara hiyo, uwe wewe unayempokea, ukiwa umevaa nguo utakayoivaa siku ya kwanza ya kambi.